Watu wa hali ya kati wa Uingereza, 1550–1750: tabaka lililoishi ndani ya daftari la madeni

#1 – Mzee Daftari (mwanzisha uzi)

Wanajukwaa, salamu kwenu nyote.

Tukizungumzia tabaka la kati la Waingereza, kwa kawaida tunaanzia kwenye viwanda, mvuke na reli, kana kwamba watu hao waliibuka asubuhi moja kutoka kwenye moshi wa Manchester. Naomba leo turudi nyuma, kwenye karne mbili zilizotangulia viwanda, tuwatazame watu ambao hawakujua kwamba wao ni tabaka. Walipojitaja, walijitaja kuwa ni watu wa hali ya kati: wakulima wenye mashamba yao wenyewe, wenye maduka, wauza nguo, mafundi wenye karakana na wanagenzi, wanasheria wadogo, waganga, makasisi wa vijijini.

Hoja yangu ni moja, na nitaitetea mpaka mwisho wa uzi. Fedha peke yake haikumweka mtu katika hali ya kati. Kilichomweka humo ni kuaminiwa. Mtu alikuwa wa kati kwa muda wote ambao majirani walikuwa radhi kumpa mali kauli, kama wasemavyo wafanyabiashara wetu. Siku waliyokataa alikuwa ameshaporomoka, hata kama nyumba ilikuwa bado yake na dohani bado inatoa moshi.

Dohani nimeitaja kwa makusudi. William Harrison, kasisi wa Radwinter katika Essex, alichapisha maelezo yake juu ya nchi ya Uingereza mwaka 1577, na humo anasema kwamba wazee wa kijiji chake walikuwa wameona mambo matatu yakibadilika katika uhai wao. La kwanza ni wingi wa dohani, kwa sababu zamani nyumba nyingi ziliachia moshi ujitafutie njia. La pili ni malazi: wazee hao walikuwa wamelala juu ya majani makavu, kichwa kikiwa juu ya gogo, na mto ulihesabiwa kuwa kitu cha mwanamke anayejifungua. La tatu ni vyombo, kwani sahani za mti zilikuwa zimeziachia nafasi sahani za bati, na vijiko vya mti vimekuwa vya bati au hata vya fedha. Ukitaka kumwona mtu wa hali ya kati akizaliwa, mwone hapo, akinunua mto.

Harrison huyo huyo aliwagawa watu mafungu manne: waungwana, raia wa miji, wakulima huru, na chini kabisa vibarua na mafundi ambao, kwa maelezo yake, hawana sauti wala mamlaka bali wapo ili watawaliwe. Hata hivyo, aya chache mbele anakiri kwamba vijijini watu wa fungu hilo la mwisho hufanywa wazee wa kanisa, wakaguzi wa bia na hata askari wa kijiji. Kujipinga kwake kunanifurahisha. Mpaka aliouchora kwa wino ulikuwa unavukwa nje ya dirisha lake. Anasema pia kwamba yeyote awezaye kuishi bila kazi ya mikono, na kubeba gharama na mwenendo wa muungwana, ataitwa bwana, na kwa malipo atapewa nembo ya ukoo. Uungwana, kwa maneno mengine, ulikuwa na bei.

Chanzo cha neema hiyo hakikuwa cha ajabu. Nchi ambayo miaka ya 1540 ilikuwa na watu wasiofika milioni 3 ilikuwa na zaidi ya milioni 5 ilipofika 1650. Vinywa viliongezeka, bei ya nafaka ikapanda, na ujira wa kibarua ukabaki nyuma sana. Mkulima aliyekuwa na ziada ya kupeleka sokoni alitajirika kwa sababu ile ile iliyomfukarisha jirani yake anayenunua unga. Ongeza ardhi za monasteri, zilizovunjwa kati ya 1536 na 1540 kisha zikauzwa na kuuzwa tena, utaelewa kwa nini kijiji kimoja kiliweza kupata dohani mpya na ombaomba wapya katika kizazi kimoja.

#2 – Mzee Daftari

Naendelea, kwa kuwa hoja bila mtu haina miguu.

Mtu wangu ni John Shakespeare, baba yake mshairi. Alikuwa mtoto wa mkulima mpangaji wa Snitterfield. Akahamia mji wa Stratford-upon-Avon, akawa fundi wa glavu, akamwoa Mary Arden, binti wa mwenye ardhi ambayo baba yake mzazi alikuwa ameipanga. Kuanzia hapo alipanda: mkaguzi wa bia na mkate, askari wa mji, mtunza hazina, diwani mwaka 1565, na mwaka 1568 mkuu wa mji. Huyu ni mtu ambaye kwenye nyaraka zilizobaki anaweka alama badala ya saini. Pembeni alikuwa akinunua sufu kinyume cha sheria na kukopesha kwa riba, mambo yaliyomfikisha kwenye mkono wa mahakama mwanzoni mwa miaka ya 1570.

Kuanzia mwisho wa 1576 karibu anatoweka kwenye vikao vya baraza. Wenzake walimvumilia kwa miaka kama kumi, kisha mwaka 1586 wakampa nafasi yake mtu mwingine. Mwaka 1592 jina lake likaandikwa katika orodha ya watu wasiofika kanisani, na maelezo ya orodha yanasema kwamba yeye na wenzake kadhaa walikaa mbali kwa kuogopa kushtakiwa kwa madeni. Wapo wanaoamini kwamba sababu ya kweli ilikuwa dini, kwamba alibaki Mkatoliki moyoni. Inawezekana. Lakini tazama kisingizio ambacho mji ulikiona kinafaa: kanisani Jumapili ndipo wadai wako wote wanapokaa mahali pamoja, na wewe huna pa kujificha.

Mwaka 1596 nembo ya uungwana ilitolewa kwa jina la mzee huyo, na mwaka uliofuata mwanawe William akanunua New Place, mojawapo ya nyumba kubwa kabisa za mji. Ni vigumu kuamini kwamba gharama ya nembo ilitoka mfukoni mwa baba. Mwana alikuwa anarudisha jina lililochakaa, na alilirudisha kwa fedha za jukwaa la maigizo, kazi ambayo wazee wengi wa mji hawakuiona kuwa ya heshima.

#3 – BintiMrima

Mzee, shikamoo, na ahsante kwa uzi. Naomba ufafanuzi. Unaeleza madeni kana kwamba nchi nzima ilikuwa inakopeshana. Je, hapakuwa na sarafu? Na kama kila mtu alikuwa anamdai mwenzake, nani alijua hasa fulani ana nini?

#4 – Mzee Daftari

Marahaba, binti yangu. Umegusa penyewe.

Sarafu zilikuwepo, ila hazikutosha, hasa zile ndogo za kununulia mkate na mshumaa. Kati ya 1648 na 1672 upungufu ulikuwa mkubwa kiasi kwamba maelfu ya wenye maduka na vilabu walijitengenezea vipande vyao vya shaba, vya nusu peni na robo peni, vyenye jina la mwenye duka, mji wake, na mara nyingi alama ya kazi yake. Fikiri maana yake: mnunuzi anaondoka dukani akiwa na chenji ambayo thamani yake yote ni jina la muuza mishumaa. Jina likianguka, chenji inakuwa kipande cha shaba tu. Mwaka 1672 serikali ya Charles II ilitoa robo peni zake za shaba na kuvipiga marufuku vipande vya watu binafsi.

Kwa manunuzi mengine, watu waliandikiana. Ngano niliyokupa mwezi wa Oktoba, viatu ulivyonitengenezea wakati wa Krismasi, siku mbili za jembe la kukokotwa na farasi wangu: vyote vilikaa daftarini au kichwani mpaka siku ya kupiga hesabu, pande mbili zikakaa, zikatoa hiki kwenye kile, na salio dogo likalipwa kwa sarafu au likaachwa liendelee.

Na nani alijua fulani ana nini? Jibu ni majirani, na walijua kwa kiapo. Katika mahakama za kanisa shahidi aliweza kuulizwa thamani yake ni kiasi gani madeni yake yote yakishalipwa. Wapo waliojibu kwa pauni, wapo waliojibu kwamba hawana kitu ila wanaishi kwa kazi ya mikono yao, na shilingi 40 zilikuwa kipimo kilichozoeleka cha shahidi wa kusikilizwa. Kipimo hicho hicho cha shilingi 40, safari hii kwa mwaka kutoka kwenye ardhi ya mtu mwenyewe, ndicho kilichompa mwanamume haki ya kumpigia kura mbunge wa wilaya tangu karne ya 15.

Mtu akifa, majirani waliingia tena. Sheria ya mwaka 1529 iliagiza mali ya marehemu iorodheshwe, na maelfu kwa maelfu ya orodha hizo yamebaki. Zinakupitisha nyumba nzima, chumba kwa chumba: kitanda na pazia zake, godoro la manyoya, sufuria za shaba nyeupe, saa, kioo, kikombe cha fedha, nguruwe wawili bandani. Kisha unafika kwenye madeni, na hapo waandishi waliyagawa mafungu mawili: yale yenye matumaini ya kulipwa na yale yaliyokatiwa tamaa. Nimewahi kukaa jioni nzima na nakala za orodha kama hizo, na nilichogundua ni kwamba kwa wenye maduka sehemu kubwa ya utajiri wao haikuwa ndani ya nyumba hata kidogo. Ilikuwa imetawanyika midomoni mwa watu wengine.

Daniel Defoe aliyajua haya kwa maumivu. Kabla ya kuwa mwandishi alikuwa mfanyabiashara wa soksi, mvinyo na mambo mengine mengi, na mwaka 1692 alifilisika kwa deni la pauni 17,000. Baadaye, katika kitabu chake cha kuwafunza wafanyabiashara, alilinganisha sifa ya mwenye duka na sifa ya mwanamwali, kwamba zote mbili haziwezi kustahimili ulimi wa mtu mbaya. Ndiyo maana mahakama zilijaa kesi za kashfa. Kumwita mwenye duka mfilisi mbele ya watu kulikuwa sawa na kumchomea ghala.

#5 – Msomaji wa Usiku

Mzee Daftari, nakusoma kwa heshima, lakini naona unawapamba. Unazungumzia kuaminiana kama vile walikuwa kikundi cha kufa na kuzikana. Mtu aliyeaminiwa alikuwa pia mtu aliyeamua nani hafai kuaminiwa. Waliotengwa mbona huwataji? Na sukari ya kwenye chai yao ilitoka wapi?

#6 – Mzee Daftari

Ndugu yangu, nakubali lawama, na nakushukuru kwa kunifikisha mahali ambapo nilitaka kufika kwa mwendo wa polepole zaidi.

Chombo cha utawala wa watu hawa kilikuwa parokia. Sheria za maskini za 1598 na 1601 ziliiagiza kila parokia iteue wasimamizi wa maskini kutoka miongoni mwa wenye nyumba wa kujiweza, wakusanye kodi kwa majirani na kuwagawia wasiojiweza. Kwa hiyo mkulima na mwenye duka walikaa meza moja wakiamua mjane yupi apate senti na yupi aambiwe atafute kazi. Sheria ya makazi ya mwaka 1662 iliwaruhusu wamrudishe alikotoka mgeni yeyote aliyepanga nyumba ya chini ya pauni 10 kwa mwaka, kama walihofia kwamba siku moja atawaelemea. Mwanamke mjamzito asiye na mume alihojiwa amtaje baba wa mtoto, na mara nyingi akasukumwa avuke mpaka wa parokia kabla ya kujifungua, ili mtoto asihesabiwe kuwa wa kwao. Mwaka 1697 sheria ikaongeza kwamba anayepokea msaada avae herufi P (ya neno la Kiingereza pauper, yaani maskini) begani kulia, ya kitambaa chekundu au cha buluu. Mwenye duka alikuwa na jina lake juu ya kipande cha shaba. Maskini alikuwa na herufi yake juu ya nguo. Zote mbili zilitolewa na watu wale wale.

Hata kukaa kanisani kulipangwa. Richard Gough, mkulima huru wa Myddle katika Shropshire, alipokuwa mzee aliandika, mwanzoni mwa miaka ya 1700, historia ya parokia yake kwa kufuata viti vya kanisa. Anachora ramani ya mabenchi, kisha anakwenda kiti kwa kiti: kiti hiki ni cha shamba fulani, walikikalia fulani na fulani, huyu aliuza ardhi kwa ulevi, yule aliozesha vizuri. Kiti kilifuata shamba au nyumba, hivyo aliyepoteza shamba alipoteza pia mahali pa kukaa mbele za Mungu na majirani. Sijui njia nyingine iliyo bora zaidi ya kueleza jamii ile, na aliyeibuni ni mzee wa kijijini aliyekuwa anaandika tu mambo ya watu anaowafahamu.

Kuhusu sukari, huna haja ya kunisukuma. Kampuni ya Kifalme ya Afrika ilipewa ukiritimba wa biashara ya watumwa mwaka 1672, na mwaka 1698 milango ikafunguliwa kwa wafanyabiashara binafsi walipe ushuru na waingie. Waliosukuma mlango huo hawakuwa malodi. Walikuwa watu wa kati hasa, wafanyabiashara wa London na Bristol, na baadaye wa Liverpool, wakichangiana hisa ndogo ndogo katika meli moja. Biashara hiyo ilikuwa ya Afrika Magharibi, wala tusiichanganye na historia ya pwani yetu, ambayo ina hesabu zake nyingine. Lakini mwenye duka wa kijiji cha Sussex aliyeuza sukari na tumbaku kwa ratili alikuwa ncha ya kamba hiyo, na daftari lake lilifungamana na daftari la nahodha ambaye hakuwahi kumwona. Kama kuna kitu cha kunikosoa katika hoja yangu, ni hiki: imani waliyopeana ilikuwa na ukuta, na nje ya ukuta mtu aliweza kuandikwa kama bidhaa.

#7 – Fundi Cherehani

Wakuu, mimi naomba tuulize habari za wanawake. Hadi sasa tumeona baba, mwana, diwani na nahodha.

#8 – Mzee Daftari

Ni haki. Kisheria, mke alimezwa na mume wake: mali yake inayohamishika ikawa ya mume, na mikataba yake haikusimama bila mume. Kimaisha mambo yalikuwa mengine. Duka lilikuwa ndani ya nyumba, na mke alipima, aliuza, alidai na kuwatunza wanagenzi, ambao kwa sheria ya mwaka 1563 walifungwa kwa miaka 7 na walikula na kulala hapo hapo. Huwezi kuaminiwa na mji mzima kama mkeo anajulikana kuwa haaminiki, na watu walilijua hilo walipochagua nani wa kuoa. Kwa kawaida walioana wakiwa wamepita miaka 25, kwa sababu ilibidi kwanza wawe na cha kuanzia.

Mjane ndiye anayeonekana vizuri kwenye nyaraka. London ilikuwa na desturi yake: mali inayohamishika ya raia wa jiji iligawanywa mafungu matatu, moja la mjane, moja la watoto, na moja marehemu aliligawa apendavyo kwa wosia. Desturi hiyo iliondolewa mwaka 1725. Wajane wengi waliendelea na karakana au duka kwa jina la nyumba. Walioolewa tena walimpa mume mpya mlango wa kuingilia biashara, na mafundi vijana walilifahamu jambo hilo vizuri kuliko walivyolikiri.

#9 – BintiMrima

Mzee, swali la mwisho kwa upande wangu. Je, waliishi kwa hofu tu? Hakuna aliyefurahia hali yake?

#10 – Mzee Daftari

Walifurahi, tena kwa kelele. Samuel Pepys, mtoto wa fundi nguo wa London, aliandika mwanzoni mwa 1660 kwamba watu wanamdhania tajiri ilhali ni maskini sana. Mwezi Juni mwaka huo, akiwa melini, alipiga hesabu akajikuta na karibu pauni 100, naye aliamini alipanda meli akiwa hana hata 25, akamshukuru Mungu. Muda mfupi baadaye akapata kazi katika ofisi ya jeshi la majini kwa mshahara wa pauni 350 kwa mwaka. Septemba akaonja chai kwa mara ya kwanza, kinywaji cha Wachina kama anavyokieleza. Na mwaka 1662, akiwa tayari afisa anayekagua mikataba ya mbao na kamba, alimwajiri baharia mmoja amfundishe jedwali la kuzidisha, akalisoma alfajiri kama mtoto wa shule. Alikuwa amepita chuo kikuu cha Cambridge! Elimu ya waungwana ilimpa Kilatini. Hesabu alijitafutia mwenyewe ili wauza mbao wasimpunje.

Thomas Turner, mwenye duka wa East Hoathly katika Sussex, aliandika shajara kati ya 1754 na 1765. Aliuza jibini, nguo, misumari na vifaa vya maziko. Aliandika wosia za watu, alikusanya kodi, alikuwa msimamizi wa maskini. Shajara imejaa majuto ya ulevi na hofu kwamba biashara inakufa. Imejaa pia karamu: Februari 1758 kundi la majirani, kasisi akiwa miongoni mwao, walimvuta kitandani asubuhi na mapema, wakamvika sketi ya ndani ya mkewe na kumchezesha ngoma. Jumapili kasisi huyo huyo alipanda mimbarini. Turner aliyaandika yote mawili bila kuyapatanisha.

#11 – Msomaji wa Usiku

Sasa jina lenyewe, tabaka la kati, liliingia lini? Au nalo ni la kwetu tunaowatazama kutoka mbali?

#12 – Mzee Daftari

Lilianza kusikika katika nusu ya pili ya karne ya 18 na likazoeleka karne iliyofuata. Hesabu za kabla ya hapo zilitumia kazi na vyeo. Gregory King, alipokadiria mapato ya familia zote za nchi kwa mwaka 1688, aliweka mfanyabiashara mkubwa wa baharini kwenye pauni 400, familia ya kibarua kwenye pauni 15 na familia ya maskini aishiye kibandani kwenye pauni 6 na nusu. Katikati akawapanga makasisi, wakulima, wenye maduka na mafundi, kila kundi na mstari wake, bila kuwapa jina moja.

Waliopata jina moja waliligeuza kuwa dai, na dai likazaa sheria ya uchaguzi ya mwaka 1832, ambayo mijini ilimpa kura mwanamume mwenye nyumba yenye thamani ya pauni 10 kwa mwaka. Ndugu Msomaji, rudi kwenye bandiko la 6 uitazame tena sheria ya makazi ya 1662. Pauni ni zile zile 10.